Masikio Yangu ya Bahati

Mwanangu Tuzo,

Katika Sumbawanga hii nzima, kuanzia hapa Kizwite mpaka kule mashamba yanakoanza, hajazaliwa mtu mwenye bahati kama baba yako. Sisemi hivi kwa kujisifu. Ningetaka kujisifu ningeanza na sura. Nasema bahati. Hadithi unaijua: tairi la lori lilinipasukia hatua moja kutoka kichwani, barabara ya Tunduma, rimu ikaruka juu ikavunja tawi la mti, utingo mwenzangu akakimbilia porini akidhani vita imeingia, na mimi nikabaki nimesimama pale pale najikung'uta vumbi, mzima bila hata mkwaruzo. Masikio yote mawili salama! Na si salama tu. Tangu siku ile yakawa makali kuliko yalivyozaliwa, kama vile ule mlipuko uliyazibua. Ndiyo yaliyokusomesha, ndiyo yaliyoezeka nyumba bati, na ndiyo yaliyochorwa juu ya mlango wa kibanda changu, moja kila upande wa maneno FUNDI MASIKIO, REDIO ZA MAGARI. Siku yanachorwa mama yako alisimama pale akasema, "Mawili ya nini? Unamalizia watu rangi bure, moja lingetosha." Tukacheka wote. Mchoraji alicheka mpaka sikio la kulia likatoka limepinda, na limepinda mpaka leo.

Nakuandikia nikiwa hapa hapa kibandani, saa tisa mchana, nimefunga nusu ya mlango ili wateja wadhani sipo. Wewe umekwenda Malangali kumuaga shangazi yako. Basi la Mbeya linaondoka kesho alfajiri. Mama yako yuko nyumbani anafunga unga wa ulezi na migebuka mikavu ya Wampembe, kana kwamba Mbeya hawajawahi kuona samaki. Kwa hiyo mambo ya kula, kuvaa sweta, kusali na kujihadhari na vijana wanaojua kuongea sitayagusa. Hayo ameshakuambia, na mengine ameyarudia mara tatu.

Mimi nimefunga kazi kwa sababu ya neno ulilomwambia juzi jikoni. Nilikuwa nimeegemea mlango wa nje, nikalisikia lote. Ulisema, "Mama, mimi sina masikio ya Baba. Yeye alipewa na Mungu. Huko wataniwekea gari, wataniwekea prosesa, watasimama nyuma yangu wananitazama, na ndani ya wiki moja wananirudisha." Jana asubuhi nikaona umetoa nguo kwenye begi ukazirudisha kabatini. Mchana mama yako akazirudisha kwenye begi. Jioni zikawa kabatini tena. Leo sijui ziko wapi. Barua hii nitaiweka juu ya hizo nguo, popote nitakapozikuta.

Yule bosi wa Mbeya aliyekuita kazini amesema mwezi mmoja wa majaribio, kisha ataamua. Anataka mtu wa kupanga prosesa na si mtu wa kufunga waya, wa kufunga waya anao wengi. Na kwa faida ya yeyote atakayeiokota barua hii njiani, maana mabasi yetu huangusha kila kitu isipokuwa kondakta, prosesa ni kile kiboksi kinachokaa kati ya redio ya gari na amplifaya, na kazi yake ni kuamua spika ipi iimbe nini, kwa nguvu gani, na ianze lini. Mwenye gari hakioni. Kinakaa chini ya kiti. Lakini kikipangwa vibaya, gari zima linakuwa soko, na kikipangwa vizuri, mwimbaji anakaa mbele yako juu ya dashibodi kama mgeni wa heshima.

Mimi shule, unajua, darasa la saba niliingia lakini sikutoka nalo. Nikaingia utingo. Nimefika Kitwe, nimefika Lusaka, Mpulungu nilikuwa naenda kama unavyokwenda dukani. Nimekunywa chai ya nchi mbili na kufukuzwa kwenye mahoteli ya zote mbili. Zamani zile redio ndani ya gari ilikuwa ya wakubwa. Sisi wengine tulikuwa tunasikia taarifa ya habari gari likitupita, maneno mawili halafu vumbi. Kisha ikaja ruksa ya kuleta vitu kutoka nje, mipaka ikalegea, magari ya Japani yaliyotumika yakaanza kumiminika mpaka huku kwetu kwenye baridi, na ndani yake vitu ambavyo hakuna mtu aliyetuandaa kuvipokea. Redio zenye maandishi kama nyayo za kuku. Nikasema, hapa ndipo pangu. Mtu asiyejua kusoma Kiingereza na mtu aliyesoma mpaka chuo, mbele ya Kijapani wote tuko darasa moja.

Sasa nataka nikuambie vizuri habari ya gari la Mzee Masunga. Vipande vyake unavijua, kwa sababu ulikuwepo una miaka kumi na moja, lakini ulivijua kwa namna nilivyovisimulia mimi.

Mzee Masunga ni yule Msukuma aliyehamia bondeni, huko chini Ziwa Rukwa, na ng'ombe wake. Alipopata gari, stesheni wagoni nyeupe, alikuwa hajui kuendesha na hakutaka kujua. "Ng'ombe wangu mwenyewe simpandi," alisema, "gari nitalipanda shingoni?" Akamweka mpwa wake Shija kwenye usukani. Yeye mwenyewe anakaa mbele kushoto, kofia kichwani, fimbo katikati ya magoti. Akaja hapa kibandani, akagonga dashibodi kwa ile fimbo.

"Fundi, kuna bwana mmoja Mwanza nilipanda gari lake. Mwanamke anaimba, unamwona! Amekaa hapa. Mimi namtaka huyo mwanamke."

"Mjomba, taratibu," Shija akasema, "nyumbani watasikia."

"Wasikie. Huyu hali ugali."

Nikajipiga kifua. Nikamwambia mzee wangu umefika, haya masikio unayoyaona ni ya bahati, nenda kanywe togwa. Nikapanda gari kwenda Tunduma kuchagua prosesa.

Kosa la kwanza lilikuwa hapo, kwenye kuchagua. Muuzaji alikuwa na mbili tu, zote zimetumika. Moja imejaa taa za bluu zinazochezacheza na vitufe kama filimbi ya mganga. Nyingine nyeusi, bubu, haina taa hata moja, kama kopo la chakula cha mtoto wa shule. Yule kijana akaniambia, "Mshua, hii ya taa ndiyo mambo yote. Hiyo nyeusi ni ya wazee." Mimi mzee? Nilikuwa sijafika hata arobaini! Nikauliza swali moja tu: taa zinabadilika rangi? Zinabadilika. Nikalipa.

Mtu mwenye akili angeuliza inapokea sauti kutoka redio ya aina gani, maana magari mengine redio yake haitoki kwenye dashibodi mpaka uvunje gari, na prosesa isiyokubali waya za spika za redio hiyo ni jiwe. Angehesabu matundu ya kutolea sauti, ajue kama yanatosha spika ndogo za juu, spika za milangoni na sabufa ya besi, kila moja na njia yake. Na juu ya yote angeuliza hivi: umeme ukikatika, inakumbuka? Swali hilo la mwisho huko Japani halina maana. Huku kwetu ndilo lenyewe, na utaona kwa nini.

Nikafunga. Siku ya kwanza dinamo ikapiga mluzi ndani ya spika zote, kila Shija akikanyaga mafuta mluzi unapanda, kama gari linamwita mtu. Nikabadilisha waya za sauti, nikabadilisha fyuzi, nikasema maneno ya kilori. Ilikuwa waya wa athi tu, ule unaorudisha umeme kwenye bodi ya gari, niliufunga kwenye rangi badala ya chuma. Kwaruza rangi, mwanangu, mpaka chuma king'ae, ndipo ufunge. Siku ya pili nikaunguza zile spika ndogo za juu, tuita, kwa sababu nilizipa besi. Tuita ni kama kinanda cha mtoto, ukikipiga kwa ngumi kinakufa. Nimeunguza jozi mbili kabla sijakubali kwamba kosa ni langu na si la Wajapani.

Siku ya tatu nikaja kwenye kazi yenyewe, ya kuchelewesha sauti. Spika ya karibu hufika kwanza kama mgeni mwenye njaa, kwa hiyo unaiambia ngoja, mwenzako yuko njiani, muingie pamoja. Ili ujue ingoje kiasi gani, unapima kutoka kichwa cha msikilizaji mpaka kwenye kila spika. Nikachukua futi ya mama yako ya kushonea. Futi ile, unaijua, upande mmoja inchi, upande wa pili sentimita. Mlango wa kulia nikapima, futi ikajigeuza mkononi, mlango wa kushoto nikapima. Nikaingiza namba kwenye boksi. Kwa hesabu zangu, mlango wa kulia ulikuwa hapa, na mlango wa kushoto ulikuwa kule Laela, safari ya basi. Mwimbaji akasikika kama watu wawili wanaobishana. Nikahangaika mpaka mchana, ndipo mama yako akaja kudai futi yake, akaniangalia ninavyopima, akasema, "Kwa futi hiyo hiyo nakushonea suruali, na hujawahi kutembea uchi. Kwa nini wewe isikufae?"

Tukapima upya. Namba zikawa sawa kabisa, nazikumbuka mpaka leo. Lakini yule mwimbaji, kanda ilikuwa ya kwaya, mama mmoja mwenye sauti nyembamba anaanzisha wengine wakiitikia, hakukubali kukaa katikati. Mimi nimekaa kiti cha dereva, na yeye kang'ang'ania mlango wa kulia. Nikaongeza nguvu ya kushoto. Bado. Nikaongeza tena. Bado. Nikapandisha kushoto mpaka mlango ukatetemeka, ndipo nikajiambia naam, sasa amekaa katikati. Nikamkabidhi Mzee Masunga gari lake kwa hotuba.

Baada ya siku mbili akarudi.

"Fundi," akasema, hajashuka hata garini, "mlango wangu huu una ugomvi na mimi?"

"Kwa nini mzee?"

"Toka bondeni mpaka hapa mwanamke ananipigia kelele sikioni kama nimemkosea. Kama ni kupigiwa kelele, wa nyumbani wananitosha!"

Nikamwambia kwa ustaarabu kwamba kitabu cha Japani kinasema sauti hupangwa kwa ajili ya dereva, na yeye si dereva. Hapo Shija akafungua mdomo. "Lakini Fundi, na mimi kwangu hayupo. Wote wako kwa Mjomba."

Unajua nilimjibu nini Shija? Nilimwambia akasafishe masikio. Mbele ya watu. Wakacheka, naye akacheka, maana ni kijana mwema, akatia kidole sikioni akakizungusha.

Hata hivyo jambo moja nililipata siku ile na ni la kweli, lichukue uende nalo: kabla hujagusa kitufe chochote, uliza nani anakaa wapi. Kitabu kimeandikwa na watu ambao mwenye gari ndiye dereva. Huku mwenye gari mara nyingi anakaa kushoto, na mwingine anakaa nyuma kama mkuu wa mkoa, na mwingine gari ni lake lakini anayelisikiliza ni mke wake. Panga kwa ajili ya yule atakayesema "asante fundi" au "fundi mwizi". Wengine watapata makombo, na makombo ya sauti nzuri yanashibisha.

Nilikuwa sijapanga upya, nimempa ahadi ya wiki ijayo, akarudi tena Jumapili mchana. Safari hii hakupiga utani. Taa zinawaka, zinacheza, bluu, kijani, lakini mwanamke amepotea kabisa na ngoma zote zimeshuka miguuni. Watu wakajaa kibandani. Na wewe unawajua watu wetu. Mji wenyewe, jina lake tu ukilitaja Dar es Salaam, mtu anasogeza kiti kwa kuogopa uchawi. Mmoja akasema sauti imechukuliwa. Mwingine akasema hizo ni kazi za watu wasiopenda maendeleo. Wakanigeukia mimi, fundi, niseme.

Mimi nilikuwa nimeshajua. Nilichungulia kwenye boneti nikaona vichwa vya betri vimelegea, vimetoka kufunguliwa. Bondeni hakuna umeme. Jumamosi huchomoa betri ya gari, huiingiza ndani, familia inatazama televisheni, asubuhi hurudishwa. Na prosesa yangu ya taa, betri ikitoka tu, inasahau kila kitu ilichofundishwa. Ndiyo maana nakuambia swali la kumbukumbu. Lakini kusema hivyo ilikuwa ni kusema kwamba Fundi Masikio alidanganywa na taa. Kwa hiyo nikakunja uso, nikasema, "Mambo mengine, wazee, hayasemwi mchana."

Tuzo, lilikuwa neno dogo. Nililitoa kama mtu anavyotema ganda la karanga. Mzee Masunga akasema, "Basi namjua. Ni yule jirani yangu wa mtoni. Tangu niseme naye habari ya maji, ananitazama vibaya." Akachukua fimbo, akamwambia Shija washa gari. Nilimwona usoni. Alikuwa hatanii. Na wale watu wote kibandani wakawa wanatikisa kichwa kama waliokuwa wanajua siku nyingi, na yule jirani huko mtoni hajui lolote, labda ananywesha ng'ombe.

Nikaenda kusimama mbele ya gari. "Mzee, shuka. Kaa chini. Betri uliitoa?"

"Niliitoa. Watoto walikuwa wanataka mpira."

"Basi mchawi ni mimi. Nilikuchagulia boksi lisilo na akili kwa sababu lina taa."

Alinitazama kwa muda mrefu kuliko ninavyopenda kutazamwa. Kisha akasema, "Wewe fundi ungenifungisha jela kwa ajili ya taa." Watu wakatawanyika mmoja mmoja, wamechoshwa na ukweli. Ukweli hauna starehe kwa watazamaji. Nikarudi Tunduma, nikabadilisha, nikarudi na ile nyeusi ya wazee. Ile haisahau. Ukiitoa betri mwezi mzima, ukirudisha, inaendelea pale ilipoachia. Na bado niliandika namba zake zote kwenye karatasi nikaifunga kwenye nailoni nikaibandika chini ya kiti. Fanya hivyo kila gari. Usiamini boksi, usiamini kichwa chako, andika.

Halafu ikaja ile siku ambayo wewe unaikumbuka. Ulitoka shule, umeniletea chakula. Mimi nimekaa kiti cha dereva, nimepanga ile nyeusi tangu asubuhi, na yule mama wa kwaya yuko mlango wa kulia, hatoki. Ukaingia ukakaa kiti cha Mzee Masunga, unachezesha miguu. Ukasema, hata hujaulizwa, "Baba, mbona anaimbia mlangoni?"

"Mlango upi?"

"Huu wangu."

Kwangu mimi alikuwa mlango wa kulia. Kwako alikuwa kushoto. Nikakuuliza, "Na wewe unaona angetakiwa kukaa wapi?" Ukaweka kidole katikati ya dashibodi. Nikapunguza kushoto. "Sasa mwimbaji yuko wapi?" Amesogea, ukasema, yuko kwenye kidroo. Nikachelewesha kushoto kidogo. "Sasa?" Bado, bado, kidogo tu. Halafu ukapiga kelele: "Hapo! Usimguse!"

Sikumgusa. Mzee Masunga alipokuja akakaa, akafumba macho, akanyoosha mkono juu ya dashibodi taratibu, kama mtu anayetaka kumpa mgeni mkono na anaona haya. Akasema, "Yupo." Akavua kofia. Sijawahi kumwona amevua kofia tena, hata msibani. Akaniambia, "Fundi, masikio yako kweli ni ya bahati." Wewe ulikuwa nyuma unatafuna hindi la kuchoma. Nikajibu, "Asante mzee, ndivyo nilivyozaliwa." Ulipomeza ukaniuliza kama umefaulu. Nikakuambia, umefaulu, nilikuwa nakupima.

Bango likachorwa mwezi ule ule.

Kuanzia hapo miaka minane yote ukawa unakaa kitini na mimi nauliza, mwimbaji yuko wapi, na wewe unanyoosha kidole. Na kwa sababu fundi mkuu hawezi kukubali kila kitu, siku nyingine, hasa mteja akiwa amesimama hapo, nilikuwa nasema, "Hapana, jaribu tena." Ulikuwa unafumba macho, unakunja paji la uso, unasogeza kidole huku na huku, halafu unarudi pale pale pa kwanza kwa wasiwasi. Nami nasema, "Haya, sasa umepata."

Ulikuwa umepata mara ya kwanza. Kila mara. Hakuna siku hata moja, Tuzo, uliyokosea kidole. Hizo "jaribu tena" zangu ndizo zinazotoa nguo kwenye begi, na nimekaa hapa tangu saa tisa najaribu kuliandika jambo hili na kila nikilikaribia naanza hadithi nyingine. Umeona mwenyewe nimekwenda mpaka Kitwe.

Umewahi kujiuliza kwa nini kanisani nakaa mwisho kabisa wa benchi, kushoto, nyote mkiwa kulia kwangu? Kwa nini nikiendesha nakuambia usiniongeleshe nachunga barabara? Mama yako anajua. Alijua kabla sijamwoa, akaamua kutembea upande wa kulia, na hajawahi kuuliza wala kulitangaza, isipokuwa ile siku ya bango, na hata hapo alifanya utani ili niweze kucheka na wengine. Shija naye masikio yake hayakuwa na uchafu wowote. Nikimwona nitamwambia.

Sikuwa nakupima, mwanangu. Nilikuwa nakuuliza.

Wakikuwekea gari mbele huko Mbeya, anza na boksi likiwa halijaguswa, kila kitu sifuri. Athi kwanza. Tuita usiipe besi. Pima kwa upande mmoja wa futi. Penye kasoro punguza kabla hujafikiria kuongeza, maana mimi maisha yangu yote nimeongeza. Weka sauti ya mtu mmoja unayemjua vizuri, washa injini, na ikiwezekana mpeleke mwenye gari kwenye barabara mbovu, kwa sababu sauti inayokaa vizuri kwenye lami pekee si sauti, ni mgeni. Halafu kaa kiti cha atakayesikiliza, fumba macho, nyoosha kidole. Jibu la kwanza. Na wakisimama nyuma yako wakutazame, waache watazame. Mimi nilikuwa nakutazama miaka minane, na ndiyo raha yangu kubwa niliyopata katika kazi hii, kuliko Lusaka, kuliko kofia ya Mzee Masunga.

Nasikia mlango wa kibanda unasukumwa. Kama ni wewe unatoka Malangali, naweka kalamu chini sasa hivi.

Si wewe. Ni mbuzi wa jirani.

Nguo zako nazipeleka kwenye begi mimi mwenyewe, na zikitoka safari hii ujue umezitoa kwa kutaka, si kwa kuniamini.

Baba yako,

aliyeandika huko juu kwamba tairi lilipasuka akabaki mzima. Sikubaki mzima. Sikio langu la kushoto halijasikia kitu tangu siku ile. Masikio ya bahati sina, na sikuwahi kuwa nayo. Nilidanganya.